Imam Ghazali na Swali la Mnyang'anyi

Katika lugha yetu ya Kiswahili, mtu aliyesoma huitwa msomi. Lakini je, kusoma peke yake kunatosha kumfanya mtu awe na elimu? Swali hilo lilimkabili kijana mmoja zaidi ya miaka 900 iliyopita, na aliyemuuliza hakuwa mwalimu wala kadhi, bali mnyang'anyi wa njiani.

Kijana huyo ni Abu Hamid Muhammad al-Ghazali, aliyezaliwa mwaka 1058 Miladia katika mji wa Tus, kaskazini mashariki mwa Iran ya leo. Inasimuliwa kwamba baba yake, aliyekuwa akisokota sufu, hakujaliwa kusoma na alilijutia sana jambo hilo. Alipohisi kuwa mauti yamemkaribia, alimkabidhi rafiki yake watoto wake wawili, Muhammad na Ahmad, pamoja na akiba yake ndogo, akamuusia awasomeshe hata kama fedha zote zitakwisha. Na kweli zilikwisha. Mlezi huyo, ambaye naye alikuwa fukara, aliwashauri waingie madrasa, mahali ambapo mwanafunzi alipata walau chakula chake.

Ghazali alipokua alisafiri hadi Jurjan, karibu na Bahari ya Kaspi, kutafuta elimu. Huko aliandika kwa bidii kila alichofundishwa. Akiwa njiani kurejea Tus, msafara wao ulivamiwa na wanyang'anyi, wakachukua kila alichokuwa nacho. Ghazali aliwafuata akimsihi mkuu wao amrudishie maandishi yake tu, kwani humo ndimo ilimokuwa elimu aliyoihangaikia. Mkuu wa wanyang'anyi alicheka. Akamuuliza ni vipi anadai kuwa na elimu, ilhali kunyang'anywa mkoba kumemwacha bila ya elimu hiyo. Kisha akaamuru arudishiwe maandishi yake. Ghazali aliyachukua maneno hayo kuwa ni mawaidha yaliyotoka kwa Mwenyezi Mungu. Alipofika Tus alikaa miaka mitatu akiyahifadhi yote aliyoyaandika, ili asije mwizi mwingine akamvua elimu yake.

Hapo angeweza kudhani kuwa amekwisha kulijibu swali lile. Alikwenda Nishapur kusoma kwa mwanachuoni mkubwa al-Juwayni, na mwaka 1091, akiwa na umri wa miaka 33 hivi, waziri Nizam al-Mulk alimteua kufundisha katika chuo cha Nizamiyya mjini Baghdad. Wanafunzi 300 walihudhuria darasa zake. Elimu yake sasa ilikuwa kichwani, na hakuna mnyang'anyi ambaye angeweza kuigusa.

Hata hivyo, wapenzi wasikilizaji, mwaka 1095 mwanachuoni huyo alipatwa na msukosuko mkubwa wa nafsi. Katika kitabu alichokiandika baadaye kuhusu maisha yake, anakiri kuwa aliichunguza nia yake katika kufundisha, akaona kwamba alichokuwa akikitafuta ni cheo na sifa. Kwa takriban miezi sita alisitasita, aondoke au abaki. Hatimaye ulimi wake ukakataa kutamka, chakula kikawa hakipiti kooni, na matabibu wakakata tamaa. Yule aliyesikilizwa na mamia hakuweza tena kusema neno mbele yao.

Ghazali aligawa mali yake, akibakisha kiasi cha kumtosha yeye na watoto wake, akaondoka Baghdad. Aliishi Damascus na Baitul Muqaddas, na akaenda Hija. Ni katika miaka hiyo ya upweke ndipo alipoandika Ihya Ulum al-Din, yenye vitabu 40, na cha kwanza kati ya hivyo kinahusu elimu yenyewe. Humo anatofautisha baina ya mwanachuoni anayeifanya elimu kuwa ngazi ya kupandia duniani na yule ambaye elimu humrekebisha mwenyewe kwanza. Kitabu hicho kiliheshimiwa mno na masharifu wa Hadhramaut, ambao wengi wao walihamia Lamu, Zanzibar na Visiwa vya Komoro.

Mwaka 1106 Ghazali alirejea kufundisha, mara hii huko Nishapur. Yeye mwenyewe alieleza kuwa kwa hakika hakurejea alikotoka, kwani zamani alifundisha elimu inayoleta cheo, na sasa anafundisha ile inayomfanya mtu akiache. Alifariki dunia mwaka 1111 katika mji wake wa Tus.

Wengi wetu tulioko ughaibuni tumebeba vyeti vyetu mikobani, tukavivusha bahari. Ni vyema kuvitunza. Lakini swali la mnyang'anyi yule lingalipo: mkoba ukichukuliwa, kitabaki nini? Na kitakachobaki, kimetufanya tuwe watu gani?