Mkopo wa Nyumba wa Miaka 20: Gharama Yake Halisi na Hukumu Yake



Sifa zote njema anastahiki Allah (s.w.), na rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (s.a.w.), jamaa zake na Maswahaba zake.

Maswali kuhusu mkopo wa nyumba yanatufikia mara kwa mara kutoka kwa ndugu zetu wa Mwanza: watumishi wenye mshahara, wafanyabiashara wa mjini, na wenye shughuli za samaki na dagaa. Wengi wamekwishapata kiwanja Buswelu, Kisesa, Buhongwa au Nyegezi, na wanaona miaka inapita wakiwa bado wapangaji. Swali lao la kwanza huwa ni moja: rejesho la mwezi ni kiasi gani? Katika makala hii tunataka kuonesha kwamba hilo ndilo swali linaloficha gharama. Tutaanza na hesabu, kisha tueleze hukumu, kisha njia mbadala, ambazo nazo tutazihesabu.

Mikopo hii ilivyoanza nchini

Baada ya Benki ya Nyumba Tanzania (THB) kufungwa mwaka 1995, mkopo wa muda mrefu wa nyumba ulikuwa adimu kwa mwananchi wa kawaida. Mwaka 2008 Bunge lilipitisha sheria maalumu ya mikopo ya nyumba, na mwaka 2010 ikaundwa kampuni ya TMRC, ambayo kazi yake ni kuzipatia benki fedha za muda mrefu ili nazo zikopeshe. Tangu hapo mikopo ya miaka 15, 20 hata 25 imewezekana. Riba yake kwa miaka mingi imekuwa kati ya asilimia 15 na 19 kwa mwaka.

Hesabu ya milioni 60

Tuchukue mfano. Ndugu anakopa shilingi milioni 60, riba asilimia 16 kwa mwaka inayohesabiwa juu ya salio, muda miaka 20. Rejesho lake litakuwa takriban shilingi 835,000 kwa mwezi.

Katika rejesho la mwezi wa kwanza, shilingi 800,000 ni riba. Kinachopunguza deni la msingi ni kama shilingi 35,000 tu. Mwezi wa pili riba inahesabiwa juu ya salio ambalo halijapungua kitu, na hali inaendelea hivyo kwa miaka. Tazama:

- Baada ya miaka 5: amelipa milioni 50.1, bado anadaiwa milioni 56.8.
- Baada ya miaka 10: amelipa milioni 100.2, bado anadaiwa milioni 49.8.
- Baada ya miaka 15: amelipa milioni 150.3, bado anadaiwa milioni 34.3.
- Baada ya miaka 20: amelipa milioni 200.3, deni limekwisha.

Maana yake nyumba ya milioni 60 imelipiwa zaidi ya mara tatu. Nusu ya deni la msingi haifikiwi hadi karibu na mwisho wa mwaka wa 16. Mtu aliyelipa kwa uaminifu miaka mitano, kisha akataka kuuza ili aondoke kwenye deni, atakuta milioni 50 alizotoa zimepunguza deni kwa milioni 3.2 tu.

Muda nao una bei yake. Mkopo huohuo ukilipwa kwa miaka 10, rejesho linapanda hadi takriban shilingi milioni 1.005, lakini jumla inakuwa milioni 120.6. Kwa hiyo unafuu wa shilingi 170,000 kwa mwezi unaopatikana kwa kurefusha muda hadi miaka 20 unagharimu karibu milioni 80. Riba ikipanda kutoka asilimia 16 hadi 18, jambo linaloweza kutokea pale mkataba unaporuhusu riba kubadilika, jumla ya miaka 20 inakaribia milioni 222.

Kuna mtego mwingine katika mikopo midogo ya ujenzi. Baadhi ya wakopeshaji huhesabu riba juu ya kiasi cha mwanzo hadi mwisho, bila kujali ulichokwishalipa. Mkopo wa milioni 10 kwa asilimia 18 ya namna hiyo, kwa miaka 5, unarejeshwa milioni 19. Ukiulinganisha na mkopo ambao riba yake inahesabiwa juu ya salio linalopungua, hiyo ni sawa na karibu asilimia 29 kwa mwaka. Namba iliyoandikwa kwenye bango ni 18.

Gharama zilizo nje ya rejesho

Juu ya hayo kuna ada ya kushughulikia mkopo, malipo ya mthamini, wakili na usajili wa dhamana, bima ya nyumba na bima ya maisha ya mkopaji. Kuna pango la ardhi, na kodi ya majengo ambayo tangu mwaka 2021 hukatwa kupitia umeme. Hizi hulipwa na mwenye nyumba yeyote, ila mwenye rejesho kubwa huziona nzito zaidi. Kuna pia adhabu ya kuchelewa, na katika mikataba mingine adhabu ya kulipa mapema.

Kipo pia kipato chenyewe. Anayetegemea dagaa anajua kwamba kazi hufanywa usiku wa giza, kwa taa. Mbalamwezi ikikaa mitumbwi hupumzika, na mwaloni wa Kirumba mzigo hupungua. Kuna miezi ya neema na miezi mikavu. Rejesho la benki halina giza wala mbalamwezi: tarehe ni ileile na kiasi ni kilekile. Mwenye kipato cha namna hii asipime uwezo wake kwa mwezi mzuri. Aupime kwa mwezi mbaya.

Akishindwa, Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 na marekebisho yake inampa mkopeshaji haki ya kutoa notisi ya siku 60 na hatimaye kuuza nyumba. Sheria hiyo inamtaka muuzaji atafute bei nzuri inayopatikana kwa haki, na inataka nyumba ya familia isiwekwe rehani bila ridhaa ya mwenza. Kwa hiyo mama wa nyumba anapoletewa karatasi asaini, asiione kuwa ni desturi tu. Ana haki ya kusomewa kila ukurasa, na ana haki ya kukataa.

Hukumu yake

Allah (s.w.) amebainisha katika Suratul Baqara, aya ya 275, kwamba biashara ni halali na riba ni haramu, na katika aya ya 279 amewatangazia vita wasioiacha. Katika hadithi ya Jabir (r.a.) iliyopokewa na Muslim, Mtume (s.a.w.) amemlaani mla riba, mwenye kuitoa, mwandishi wake na mashahidi wake wawili, na akasema kuwa wote ni sawa. Basi mkopaji hawezi kusema kwamba dhambi ni ya benki peke yake.

Baraza la Kimataifa la Fiqhi ya Kiislamu lililo Jeddah liliamua mwaka 1985 kwamba riba ya benki ndiyo riba iliyoharamishwa. Mwaka 1990 likazungumzia mikopo ya nyumba mahususi: kukopa kwa riba ili kujenga au kununua nyumba hakujuzu, kiasi kiwe kidogo au kikubwa.

Baadhi ya ndugu hutoa hoja ya dharura, wakitegemea fatwa ya Baraza la Ulaya la Fatwa na Utafiti ya mwaka 1999. Fatwa hiyo iliwahusu Waislamu wanaoishi nchi za Magharibi, ikawekewa masharti, yakiwemo kutokuwa na nyumba nyingine na kukosa njia mbadala, na wanachuoni wengi hawakukubaliana nayo. Mwanza mtu anaweza kupanga, anaweza kujenga kidogo kidogo, na anaweza kuzifikia taasisi zinazofanya kazi bila riba. Haja ya nyumba ni haja ya kweli, lakini mwenye kupanga chumba chenye stara hayumo katika dharura inayohalalisha haramu.

Njia za halali, nazo zipimwe

Amana Bank, benki ya kwanza nchini kuendeshwa yote kwa misingi ya sharia, ilianza kazi Novemba 2011 na imefika Mwanza. Benki za kawaida kama NBC na CRDB nazo zina huduma za kibenki za Kiislamu. Mikataba inayotumika kwa nyumba ni hasa hii:

Murabaha. Benki inanunua nyumba au vifaa vya ujenzi, inavimiliki, kisha inakuuzia kwa bei iliyoongezwa faida iliyotajwa wazi. Mathalani imenunua kwa milioni 60, inakuuzia kwa milioni 108 kwa miaka 10, yaani 900,000 kwa mwezi. Bei hiyo haiongezeki hata ukichelewa. Sharti kubwa ni kwamba benki imiliki kwanza. Ikikukabidhi fedha taslimu na kuziita murabaha, jina limebadilika na riba imebaki.

Ushirika unaopungua. Mnanunua pamoja. Mathalani wewe milioni 15, benki milioni 45. Ikiwa kodi ya nyumba ile ni 400,000, unailipa benki 300,000 kwa robo tatu yake, na wakati huohuo unanunua hisa zake kidogo kidogo. Hisa ya benki ikifika nusu, kodi yake inashuka hadi 200,000. Benki ikiwa mmiliki kweli, inabeba pia sehemu yake ya hasara inayoipata nyumba bila uzembe wako.

Tunasema wazi: halali si lazima iwe rahisi. Rejesho la murabaha linaweza kukaribiana na la benki ya riba, na kuna wanaokata tamaa wakiona hivyo. Tofauti iko katika mkataba. Katika murabaha unajua siku ya kwanza jumla utakayolipa hadi siku ya mwisho, na anayekuuzia amebeba dhima ya mali kabla ya kukuuzia. Hata hivyo, bei ya halali inaweza kuwa kubwa kuliko uwezo wako, na kukubali deni usiloliweza ni kosa hata kama mkataba ni safi.

Kujenga kidogo kidogo. Hii ndiyo njia ya wengi katika vilima vya Mwanza: msingi wa mawe mwaka huu, kuta mwakani, bati baadaye. Familia inayoweza kutoa 835,000 kila mwezi ingefikisha milioni 60 ndani ya miaka 6. Ni kweli kwamba bei za saruji na nondo hupanda, na kwamba anayejenga bado analipa kodi ya pango. Lakini pengo kati ya miaka 6 na miaka 20 ni kubwa. Lina nafasi ya kupanda kwa bei na kodi pia.

Deni baada ya kifo

Miaka 20 ni muda mrefu katika umri wa mwanadamu. Suratun-Nisaa, aya ya 11 na 12, zimetanguliza wasia na deni kabla ya kugawa mirathi. Imepokewa katika Bukhari kwamba Mtume (s.a.w.) alijizuia kumswalia maiti aliyekuwa na deni hadi Abu Qatada (r.a.) alipolibeba. Mwenye deni la nyumba, liwe la halali au la riba, aandike wasia, awaambie mkewe na watoto wakubwa salio ni kiasi gani na hati iko wapi. Warithi wengi hulijua deni siku dalali anapobisha hodi.

Aliyekwishaingia

Ndugu aliye ndani ya mkopo wa riba asikate tamaa, na asiache kulipa kwa kisingizio cha toba, kwani ataipoteza nyumba na kuidhulumu familia. Atubie kwa Allah, aazimie kutorudia, na aharakishe kumaliza. Kila anachoongeza mapema, kikielekezwa kwenye deni la msingi, kinakata riba ya mbele yake. Aulize pia kama kuna taasisi isiyo ya riba inayoweza kumtoa kwa mkataba sahihi. Ama nyumba yenyewe, wanachuoni wengi wanaona ni milki yake, na kuishi na kuswali ndani yake kunasihi. Dhambi iko katika mkataba.

Maswali ya kuuliza kabla ya kusaini

1. Jumla nitakayolipa hadi mwisho ni shilingi ngapi? Naomba imeandikwa.
2. Baada ya miaka 5 nitakuwa nadaiwa kiasi gani?
3. Je, bei au kiwango kinaweza kubadilika? Nani anaamua?
4. Benki inamiliki mali kabla ya kuniuzia? Kwa hati ipi?
5. Nikichelewa, malipo ya adhabu yanakwenda wapi? Katika mkataba wa halali hayawi faida ya benki. Hupelekwa kwenye sadaka.
6. Nikimaliza mapema, napata nafuu au natozwa?
7. Nikifa, nini kinamfika mke wangu na watoto?

Asiyejibiwa maswali haya kwa maandishi asisaini. Majibu ayachukue, akae na mwenza wake, na amwendee mwanachuoni anayeijua mikataba hii, awe na mkataba wenyewe mkononi, kwani fatwa hutolewa juu ya kilichoandikwa na si juu ya jina la bidhaa.

Tunamuomba Allah (s.w.) awaruzuku ndugu zetu makazi yenye stara, kutokana na halali Yake, na atulipie sote madeni yetu. Aamiin.

Wallaahu A‘lam.