Haki za kibarua wa serikali anapoachishwa kazi

Wafagiaji wa masoko mjini Malindi, walinzi wa zahanati za Magarini na makarani wa muda katika afisi za kaunti mjini Kilifi wana jambo moja linalowaunganisha: wanautumikia umma bila uhakika wa kesho. Wengi wao huamini kwamba aliyeajiriwa kwa muda anaweza kufutwa wakati wowote kwa neno la mdomo. Sheria ya Kenya haisemi hivyo.

Kibarua ni nani?

Sheria ya Ajira ya 2007, iliyoanza kutumika Juni 2008, inamtaja kibarua kuwa mtu anayelipwa kila siku inapomalizika, na asiyeajiriwa kwa zaidi ya saa 24 kwa wakati mmoja. Sheria hiyo inaifunga Serikali pia, isipokuwa vikosi kama vile jeshi, polisi na magereza.

Kifungu cha 37 ndicho ngao kuu. Kibarua akifanya kazi mfululizo kwa siku zinazofikia mwezi mmoja, au akipewa kazi isiyotarajiwa kumalizika kabla ya miezi mitatu, ajira yake huhesabiwa kuwa ya mwezi. Hapo hastahili kuachishwa bila ilani ya maandishi ya siku 28 au malipo badala ya ilani. Akitimiza miezi miwili mfululizo, hupata haki nyingine za mwajiriwa, ikiwemo likizo.

Hata hivyo, ngao hiyo ina mpaka. Mwaka 2017, Mahakama ya Rufani iliamua kesi baina ya kampuni ya Krystalline Salt na wafanyakazi wake 68 wa mashamba ya chumvi. Ilishikilia kwamba kifungu cha 37 humlinda kibarua pekee, wala si anayelipwa kwa kiasi cha kazi aliyoifanya. Namna ya malipo, basi, yaweza kuamua hatima ya madai.

Utaratibu wa kumwondoa

Kifungu cha 41 kinamtaka mwajiri amweleze mfanyakazi, kwa lugha anayoifahamu, tuhuma za utovu wa nidhamu au uzembe zinazomkabili, na amsikize akiwa na mwenzake au mwakilishi wa chama cha wafanyakazi. Ikiwa nafasi yenyewe imefutwa, kifungu cha 40 kinaagiza ilani ya mwezi mmoja, na fidia isiyopungua mshahara wa siku 15 kwa kila mwaka uliokamilika.

Katiba ya 2010 inaongeza uzito. Ibara ya 41 inampa kila mtu haki ya kutendewa kwa usawa kazini, nayo ibara ya 236 inakataza afisa wa umma kufutwa bila kufuata sheria.

Mwenye mkataba wa muda maalumu ana hali tofauti. Kwa kawaida mkataba hukoma siku yake ikifika, na mwajiri halazimiki kuurefusha, isipokuwa mwenendo wake mwenyewe ulimpa mfanyakazi matarajio halali.

Pa kulalamikia

Tangu 2013, Serikali ya Kaunti ya Kilifi ilirithi wafanyakazi wa mabaraza ya zamani, likiwemo Baraza la Manispaa ya Malindi. Mamlaka ya kuajiri yako kwa Bodi ya Utumishi wa Umma ya Kaunti. Asiyeridhika na uamuzi wa kinidhamu hukata rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma katika muda wa siku 90. Hatua hii isirukwe: mwaka 2017, katika kesi iliyotoka Wajir, Mahakama ya Rufani ilisema ni sharti tume hiyo itangulie kabla ya mahakama.

Malalamiko ya kufutwa isivyo haki yaweza pia kufikishwa kwa afisa wa leba katika miezi mitatu. Kesi katika Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi hufunguliwa kabla ya miaka mitatu kupita. Fidia ya kufutwa isivyo haki haizidi mishahara ya miezi 12.

Mali hupotea bila daftari. Barua za kuitwa kazini, orodha za mahudhurio na stakabadhi za malipo ndizo zinazothibitisha kwamba kibarua wa siku moja alikuwa, kwa hakika, mfanyakazi wa miaka.