Mti wa Mpira wa Misitu ya Meksiko

Katika misitu ya mvua ya kusini mwa Meksiko na Amerika ya Kati humea mti mrefu wa jamii moja na mfenesi, unaoitwa kitaalamu Castilla elastica, ambao gome lake likitiwa chale hutoa utomvu, yaani majimaji meupe yenye chembechembe za mpira. Utomvu huo ukikauka peke yake hudunda kidogo tu, lakini wenyeji walikwisha kupata dawa yake miaka ipatayo 1600 kabla ya Kristo, kama inavyoshuhudiwa na mipira iliyofukuliwa katika kinamasi cha El Manatí, jimboni Veracruz, ambako tope liliihifadhi isioze.

Dawa yenyewe ilikuwa Ipomoea alba, mmea mtambaaji wa jamii ya viazi vitamu. Shina lake lilipondwa juu ya jiwe na kukamuliwa, maji yake yakatiwa katika utomvu, na mchanganyiko ukakorogwa kwa muda wa kama robo saa hata ukaganda kuwa bonge jeupe, ambalo ilibidi lifinyangwe upesi kabla halijakakamaa. Mwanaakiolojia Dorothy Hosler na wenzake, walioueleza ufundi huu kisayansi mwaka 1999, walionyesha baadaye kwamba kipimo ndicho kilichoamua matumizi: nusu kwa nusu kwa mipira ya kuchezea, utomvu mwingi zaidi kwa soli za ndara, na utomvu mtupu kwa kufungia vichwa vya shoka kwenye mipini.

Mchezo wa mpira, ambao wachezaji waliupiga mpira kwa nyonga, ulikuwa ibada na burudani kwa pamoja, na Waazteki, waliotawala huko kabla ya Wahispania, walitoza mkoa wa Tochtepec kodi ya mipira 16,000. Mpira ulichomwa pia mbele ya miungu, moshi wake mweusi ukihesabiwa kuwa sadaka ya kuomba mvua. Mwaka 1528 Hernán Cortés, mtekaji wa Kihispania, aliwapeleka wachezaji Hispania, ambako Wazungu waliustaajabia mdundo wa kitu wasichokuwa nacho.

Kwa hiyo si haki kuianza historia ya mpira imara na Charles Goodyear, Mmarekani aliyegundua mwaka 1839 namna ya kuupika kwa salfa, ingawa njia yake ni tofauti na ni bora zaidi kwa viwanda. Bei ya mpira ilipopanda katika karne hiyo, wagemaji waliingia misituni wakakata chale za kina mno, au wakaiangusha miti kabisa ili kuumaliza utomvu wake kwa mkupuo mmoja. Mchezo wa nyonga ungali unachezwa katika jimbo la Sinaloa, kwa jina la ulama, lakini mipira ya utomvu wa asili imekuwa adimu na ghali.