Gita Lilipohamia Kooni

Mwaka 1909 wanafunzi wachache wa Chuo Kikuu cha Yale, Marekani, walianzisha kundi la Whiffenpoofs, wakawa wanaimba bila ala yoyote. Kwa miongo mingi akapela ya vyuoni ilifuata njia hiyo: suti nadhifu, sauti zilizopangika, nyimbo za wazee. Haraka haikuwapo, mwanamke wa kwanza alipokelewa katika kundi hilo mwaka 2018!

Mageuzi yalianzia Chuo Kikuu cha Tufts. Deke Sharon, aliyeongoza muziki wa kundi la Beelzebubs kabla ya kuhitimu mwaka 1991, alichoka kusikia waitikiaji wakivuta “uuu” nyuma ya mwimbaji. Akawagawia ala: huyu besi, yule gita, mwingine ngoma. Ngoma kubwa ikawa “p” ya midomo iliyobanwa, tasa ikawa “ts” ya ulimi na meno. Gita la umeme lilitaka konsonanti kali ya kuanzia, kisha irabu inayopitia puani.

Indi roki ilikuwa mtihani mwingine. Muziki huo wa bendi za kampuni ndogo hupendwa kwa makwaruzo yake, na waimbaji waliofunzwa kusafisha kila noti huweza kuunyoa hadi ukabaki kipara. Aliyeupatia vizuri zaidi hakuwa na kwaya. Petra Haden, wa bendi ya That Dog, alipewa na mpiga besi Mike Watt kinasa sauti chenye njia nane: moja ilibeba albamu ya bendi ya The Who iitwayo The Who Sell Out, ya mwaka 1967, saba zilikuwa tupu. Akazijaza kwa koo lake mwenyewe, magita, tarumbeta na hata matangazo ya redio yaliyomo. Kampuni huru ya Bar/None iliitoa kazi hiyo mwaka 2005, na pumzi za mwimbaji zinasikika humo bila aibu.

Vyuoni, wakati huo, studio zilikuwa zikilainisha sauti kupita kiasi. Ndiyo maana albamu ya mpiga piano Ben Folds ya mwaka 2009, Ben Folds Presents: University a Cappella!, inastahili kusikilizwa: aliwafuata wanafunzi vyuoni mwao, akawarekodi wakiimba nyimbo zake. Mbili kati ya nyimbo hizo, “Boxing” na “Effington”, aliziimba mwenyewe, safari hii bila piano iliyompa jina.