Mlango wa Mahakama: Watu Weusi Wanne wa Massachusetts



Maskini anapoitwa mbele ya mahakama, moyo wake huingiwa na hofu. Karatasi zimeandikwa kwa lugha isiyo yake, watu husema maneno asiyoyafahamu, na yule anayemshitaki ana wakili, yaani avoka, naye hana mtu. Wazee walisema: Mwenye nguvu mpishe. Lakini sheria iliwekwa kusudi mwenye nguvu asipishwe kila mara. Leo tunataka kuwasimulia habari za watu wanne waliolifahamu jambo hilo vizuri. Waliishi mbali na sisi, katika jimbo la Massachusetts, kaskazini-mashariki ya Marekani, ambalo mji wake mkuu ni Boston. Wote wanne walikuwa watu weusi, wachache kati ya wazungu wengi.

Jimbo lile lilijivunia uhuru wake. Katiba yake ya mwaka 1780 ilisema kwamba watu wote wamezaliwa huru na sawa, na kufikia mwaka 1783 mahakama zenyewe zilikata kwamba, kwa neno hilo, utumwa hauna nafasi tena. Basi mtu mweusi wa Boston hakuwa mtumwa. Lakini kazi alizoachiwa zilikuwa kunyoa watu, kupika, kuhudumia meza, kwenda baharini. Miaka sitini ikapita baada ya hukumu zile, na bado hakuna mtu mweusi aliyeruhusiwa kusimama mahakamani kama wakili. Maandiko ya katiba yalikuwa mazuri. Mlango ulikuwa umefungwa.

Aliyebisha hodi

Wa kwanza kubisha hodi alikuwa Macon Bolling Allen, aliyezaliwa Indiana mwaka 1816. Alijifunza sheria katika jimbo la Maine, kwa msaada wa wakili mzungu aliyechukia utumwa, jina lake Samuel Fessenden. Alipoomba ruhusa ya kufanya kazi, alikataliwa kwa sababu eti yeye si raia. Allen hakurudi nyumbani kununa. Aliomba apewe mtihani kama wengine, akashinda, na mwezi wa Julai 1844 jina lake likaandikwa. Yeye ndiye mtu mweusi wa kwanza kupata ruhusa hiyo katika Marekani yote.

Lakini ruhusa bila wateja haijazi chungu. Katika Maine watu weusi walikuwa wachache mno, na wazungu hawakutaka kutetewa naye. Basi mwaka 1845 alihamia Massachusetts, akafanya mtihani mara ya pili, akashinda tena. Mwaka 1847 alifanywa hakimu wa amani, ndiye hakimu wa mashauri madogo madogo. Baada ya vita kati ya majimbo ya Marekani alikwenda South Carolina, nchi iliyokuwa ya utumwa, na huko mwaka 1873 akachaguliwa kuwa hakimu katika mji wa Charleston.

Mjukuu wa Cumono

Wa pili ni Robert Morris, na juu yake tutakaa zaidi. Babu yake, Cumono, aliletwa kutoka Afrika akiwa mtumwa. Robert alizaliwa katika mji wa Salem mwaka 1823. Akiwa kijana alichukuliwa Boston awe mtumishi katika nyumba ya wakili Ellis Gray Loring. Karani wa wakili huyo alikuwa mvivu. Kazi ya kunakili barua ikapewa mtumishi. Loring aliona mkono wake ulivyo mzuri na akili yake ilivyo nyepesi, akaanza kumfundisha sheria. Hivyo yule aliyeingia kwa mlango wa jikoni, mwaka 1847 aliingia mahakamani kama wakili, akiwa na miaka 23 tu.

Muda mfupi baadaye alipata shauri lililomfanya ajulikane. Mpiga chapa mmoja mweusi, Benjamin Roberts, alikuwa na binti wa miaka mitano, Sarah. Kila siku mtoto huyo alipaswa kupita shule tano za watoto wazungu, ndipo aifikie shule ya weusi, iliyokuwa mbali na duni. Baba alishitaki mji wa Boston. Morris alimtetea pamoja na wakili mzungu Charles Sumner, ambaye alikuja kuwa mwanasiasa mashuhuri. Walisema kwamba mbele ya katiba hakuna watoto wa namna mbili. Mwaka 1850 Jaji Mkuu Lemuel Shaw akatoa hukumu: mji una haki ya kutenga watoto. Walishindwa.

Hapa, wasomaji wapenzi, tusiharakishe. Ni rahisi kumsifu mtu siku ya ushindi. Morris na rafiki zake walishindwa mbele ya jimbo zima. Lakini waliondoka mahakamani wakaenda kwa watu: wakakusanya sahihi, wakaandika maombi, wakahubiri mitaani. Mwaka 1855 baraza la jimbo lilitoa sheria ya kukataza shule kumkataa mtoto kwa ajili ya rangi au dini yake. Tazameni vizuri maneno hayo mawili. Mweusi alipopigania mtoto wake, mtoto mkatoliki naye alipata ngao. Tuseme pia ukweli wote: hukumu ile ya Shaw haikufa. Mwaka 1896 Mahakama Kuu ya Marekani iliitaja ilipokubali utengano, na ikapita miaka 58 mpaka utengano wa shule ukatazwe katika nchi yote, mwaka 1954.

Mwaka 1851 Morris aliingia katika hatari kubwa zaidi. Sheria mpya ya taifa iliamuru watumwa waliotoroka warudishwe kwa mabwana zao, hata kutoka majimbo ya uhuru. Tarehe 15 Februari huko Boston alikamatwa Shadrach Minkins, mhudumu katika mkahawa mmoja, aliyetoroka Virginia. Morris alikuwa mmoja wa mawakili waliokwenda kumtetea. Kabla kesi haijaendelea, kundi la watu weusi liliingia kwa nguvu, likamchukua Shadrach, naye akafika salama Kanada. Morris akashitakiwa kwamba alisaidia kumtorosha. Wakili akakaa mahali pa mshitakiwa! Mwezi wa Novemba wazee wa baraza walimwona hana hatia.

Rafiki wa maskini wa Ireland

Siku zile watu wa Ireland walimiminika Boston kwa maelfu, wakikimbia njaa ya nchi yao. Walikuwa maskini, na zaidi ya hayo walikuwa wakatoliki katika mji wa Waprotestanti. Wenyeji wengi waliwadharau. Mwaka 1834 watu wenye hasira walikuwa wamechoma moto konventi ya Masista Waursula huko Charlestown, karibu na Boston. Watu wa Ireland na watu weusi nao hawakupendana sikuzote, kwa kuwa wote waligombea kazi zilezile za chini. Lakini maskini akipelekwa mahakamani hutafuta anayejua kumtetea. Wengi wa watu hao wa Ireland walimwendea Morris, naye hakuwafukuza.

Baadaye yeye mwenyewe aliingia katika Eklezya Katoliki. Alikufa mwaka 1882. Vitabu vyake vingine vinatunzwa hata leo katika chuo kikuu cha Mapadri Wajesuiti huko Boston.

Mganga na mnyozi

Wa tatu, John Rock, alikuwa mwalimu, kisha mganga wa meno, kisha daktari. Ugonjwa ulipomdhoofisha alisoma sheria, akawa wakili wa Massachusetts mwaka 1861. Mahakama Kuu ya nchi, huko Washington, ilikuwa imesema mwaka 1857 kwamba mtu mweusi hawezi kuwa raia wa Marekani. Lakini tarehe 1 Februari 1865, siku moja tu baada ya wabunge kupitisha badiliko la katiba la kukomesha utumwa, Rock alisimama mbele ya mahakama hiyohiyo. Sumner alimtaja jina, Jaji Mkuu Salmon Chase akakubali, na mtu mweusi wa kwanza akapokewa kuwa wakili wa Mahakama Kuu. Rock alikufa mwaka uliofuata, akiwa na miaka 41.

Wa nne, George Lewis Ruffin, alikuwa mnyozi. Mchana alishika wembe, na nafasi ikipatikana alishika kitabu cha sheria. Mwaka 1869 alipata shahada ya sheria katika Harvard, mtu mweusi wa kwanza kuipata katika chuo hicho. Mwaka 1883 alifanywa hakimu wa mahakama ya Charlestown. Ndiyo Charlestown ileile ya konventi iliyochomwa, na Ruffin alizaliwa mwaka uleule wa moto ule. Alihukumu huko mpaka alipokufa mwaka 1886.

Tujifunze nini?

Watu hawa hawakuvunja mlango kwa mawe. Walisoma, walifanya mtihani, walikataliwa, wakarudi. Lakini hilo peke yake halitoshi kuwaheshimu, kwa sababu hata mwenye tamaa anaweza kusoma na kuvumilia. Tunawaheshimu hasa kwa kuwa, walipokwisha kuingia, hawakuufunga mlango nyuma yao. Morris angaliweza kushukuru kwa bahati yake na kuyaacha mashauri ya hatari. Akachagua mtoto wa miaka mitano na mtumwa aliyetoroka.

Wazazi mnaonyima kusudi mtoto asome sheria, na ninyi vijana mnaosoma, mkumbukeni mjukuu wa Cumono. Siku mtakapoketi ndani, mtazame nje: kuna mama mmoja amesimama na karatasi asiyoweza kuisoma. Mlifunguliwa kwa ajili yake.