Uwele wa Dodoma nimeukuta Leicester

Jana nimekula uwele, tena huku Uingereza. Jirani yangu, mama wa Kigujarati, aliniita jikoni tupike dhebra: unga wa uwele, mtindi, majani ya uwatu, tangawizi, pilipili, ufuta na binzari. Unga huu hauna mnato wa ngano, ukiusukuma kama chapati unakatika. Yeye anaubonyeza kwa kiganja, taratibu. Vyangu vilipasuka vyote, akacheka.

Mtauliza, Wahindi na chakula cha Wagogo wapi na wapi? Uwele ulianza kulimwa Afrika Magharibi, pande za Mali, yapata miaka 4,500 iliyopita. India umefika zaidi ya miaka 3,000 sasa. Gujarat nako kuna ukame, na uwele unauvumilia.

Mama huyu kazaliwa Kampala. Agosti 1972 Idi Amin aliwapa Waasia siku 90 waondoke. Halmashauri ya Leicester ikatoa tangazo katika gazeti la Uganda Argus, kwamba wasije huku. Wakaja maelfu. Kiswahili chake bado anacho: "Kula, mwanangu."

Bibi, mimi niliyekuwa naukimbia ugali wako wa uwele, nimemaliza vitano.