Nafasi za Ualimu Vyuoni India: Hesabu Iliyofika Mahakamani

Kati ya mwaka 2017 na 2019, jirani zetu wa ng'ambo ya pili ya Bahari ya Hindi walikabiliwa na mgogoro ambao kwa juu juu ulionekana kuwa wa hesabu tu. Nafasi za walimu katika chuo kikuu zihesabiwe kwa chuo kizima, au kwa idara moja moja? Juu ya swali hilo mahakama zilitoa hukumu, walimu waliandamana, na mwishowe Bunge likatunga sheria. Sisi ambao vijana wetu kwa miaka mingi wamevuka bahari kwenda kusoma India, yatupasa kuuelewa mgogoro huo.

Chanzo chake ni cha zamani. Katiba ya India ilianza kutumika tarehe 26 Januari, 1950. Mwenyekiti wa kamati iliyoandika rasimu yake, Dk. B. R. Ambedkar, alizaliwa katika tabaka la watu walioitwa wasioguswa. Katiba hiyo iliifuta desturi ya kuwatenga watu hao, na kuiruhusu serikali kuweka akiba ya nafasi za kazi kwa ajili ya jamii zilizoachwa nyuma. Kadiri miaka ilivyopita, viwango katika ajira ya serikali kuu vilifikia asilimia 15 kwa matabaka yaliyokandamizwa na asilimia 7.5 kwa makabila yaliyoorodheshwa. Mwaka 1992 majaji 9 wa Mahakama ya Juu walikubali asilimia 27 kwa jamii nyingine zilizo nyuma, ila wakaweka mpaka kwamba kwa kawaida akiba yote isizidi nusu.

Ni rahisi kutamka asilimia. Kuzigawa ni kazi nyingine. Chuo chenye nafasi 200 kikihesabiwa kwa ujumla, matabaka yaliyokandamizwa hupata nafasi 30, makabila 15, na jamii nyingine 54. Lakini hesabu ikifanywa kwa idara, mambo hubadilika. Katika orodha ya zamu iliyotumika kwa idara ndogo, zamu ya kwanza ya jamii nyingine zilizo nyuma ilikuwa nafasi ya 4, ya matabaka yaliyokandamizwa nafasi ya 7, na ya makabila nafasi ya 14. Idara yenye walimu 3 ingeweza kukaa miaka mingi kabla zamu ya makabila haijafika. Na idara nyingi za vyuo ni ndogo.

Kwa mujibu wa miongozo ya mwaka 2006 ya Tume ya Ruzuku za Vyuo Vikuu, chuo kizima ndicho kilichohesabiwa. Tangazo la kazi la Chuo Kikuu cha Banaras Hindu likapingwa mahakamani, na mwezi Aprili 2017 Mahakama Kuu ya Allahabad ikaamua kwamba hesabu ifanywe kwa idara. Hoja yake haikuwa nyepesi. Mwalimu wa kemia hawezi kushindania nafasi ya mwalimu wa historia, na chuo kikihesabiwa kwa ujumla huenda idara moja ikawa ya akiba tupu na nyingine isiwe na akiba hata moja. Mwezi Machi 2018 Tume ikaviagiza vyuo vifuate hukumu hiyo.

Malalamiko yakaenea nchini. Serikali ikakata rufani, na katikati ya mwaka 2018 vyuo vikaambiwa visimamishe uajiri mpaka shauri liamuliwe. Wagombanapo fahali wawili, ziumiazo nyasi. Nafasi zilibaki wazi, na wanafunzi waliendelea kutegemea walimu wa muda. Katika vyuo vya Chuo Kikuu cha Delhi, walimu wa namna hiyo waliajiriwa kwa mikataba ya miezi 4, ikaongezwa mara kwa mara pasipo uhakika wa kesho.

Tarehe 22 Januari, 2019, Mahakama ya Juu iliitupa rufani ya serikali. Tarehe 7 Machi mwaka huo ikatolewa amri ya Rais yenye nguvu ya sheria, na mwezi Julai Bunge likaipitisha kuwa sheria kamili: katika taasisi za serikali kuu, chuo kizima kihesabiwe kuwa kitu kimoja.

Sheria hiyo ilimaliza ubishi juu ya hesabu. Hata hivyo haikuweza kuirudisha mihula iliyopita bila walimu wa kudumu. Mahakama zilisoma maandishi yaliyokuwa mbele yao, nayo yalikuwa miongozo ya Tume. Bunge halikuwa limetamka lolote juu ya jambo hilo. Ahadi ya haki iliyotolewa mwaka 1950 iliachwa itegemee waraka wa ofisini, na waraka huweza kufutwa kwa hukumu moja. Nchi yoyote inayotaka watoto wa wanyonge wafike kwenye kiti cha mwalimu haina budi kuandika katika sheria, mapema na kwa lugha isiyo na utata, namna viti hivyo vitakavyohesabiwa.